Zuia Mchezo, Usimzuie Shangazi

Kijana mmoja wa mashua pale Watamu, anayewapeleka wageni kuangalia matumbawe kwenye hifadhi ya baharini, alinipa simu yake niitazame. Ilikuwa alasiri, maji yamekupwa, mashua imelala upande juu ya mchanga, naye amekaa ubavuni mwake akipitisha kidole juu ya kioo. Arifa zilifuatana kama mchwa. Fulani amekualika ucheze. Fulani amekutumia zawadi. Fulani anahitaji msaada wako. Wengi wao walikuwa wageni aliowahi kuwabeba, Waitaliano na Wajerumani, watu wazima waliorudi kwao na kubaki marafiki zake wa Facebook. Kwake urafiki huo ndio ofisi. Mgeni anayetaka kurudi Desemba humwandikia hapo hapo, bila wakala katikati. Basi simu ikitetema ni lazima afungue, na akifungua anakuta peremende za rangi.

"Nimechoka," akaniambia. "Nimeshawazuia watatu."

Mmoja katika hao watatu alikuwa mama wa familia iliyokuja miaka mitatu mfululizo na kila mara kuitaka mashua yake. Msimu uliofuata hawakumtafuta. Pengine hawakuja Kenya kabisa, pengine walikuja wakapanda mashua nyingine. Hana njia ya kujua, kwa sababu njia yenyewe aliifunga kwa mkono wake. Na yule mama, nina hakika, hakuwahi kukaa akawaza, "Ngoja nimsumbue yule kijana wa Watamu."

Hapo ndipo ninapotaka tuanzie. Mwaliko wa gemu unaobeba jina la shangazi yako haukuandikwa na shangazi yako. Umeandikwa na mchezo, ukaazima jina lake na picha yake. Mtu akilielewa hilo ataacha kuwatupa watu, na kazi ya kuzima mialiko itamwia nyepesi, maana atajua ni nani anayepaswa kuzimwa.

Kwetu pwani jambo hili lina uzito wake. Tumelelewa kuona mwaliko kuwa ni heshima. Anayekuita harusini, kwenye hitima, kwenye maulidi ama chai tu ya jioni amekuhesabu kuwa mtu. Kwa harusi nyingine bado hutumwa watu nyumba hadi nyumba kualika kwa mdomo, ingawa kadi zipo na simu zipo. Hata kukataa kuna adabu yake: mkono kifuani, udhuru, dua ya heri. Ndiyo maana nimewaona wakubwa, hasa kina mama wa Malindi mjini na Mambrui, wakishindwa kupuuza mialiko hii. Huona wakinyamaza watakuwa wamemvunjia mtu heshima, basi wanabonyeza "kubali", na papo hapo mchezo unawageuza kuwa wapiga hodi wapya kwenye milango ya watu wengine.

Lakini hodi nayo ina kikomo. Mtu hubisha mara tatu. Asipoitikiwa, hurudi zake bila kinyongo. Gemu halina tatu. Litabisha leo, kesho, na mwezi wa Ramadhani usiku wa manane. Kitu kisicho na adabu ya hodi hakikudai adabu ya karibu.

Tazama linavyofanya kazi. Candy Crush Saga, gemu la peremende, iliingia Facebook Aprili 2012. Mchezaji hupewa roho tano. Akishindwa hatua, roho moja inaondoka, na kila roho huchukua dakika 30 kurudi. Zikiisha zote, kuzijaza upya ni saa mbili na nusu za kukaa bure. Mtu yuko katikati ya hamu, mkono unawasha, na mchezo unamwekea njia mbili za mkato: alipe pesa, au aombe roho kwa marafiki. Mengi ya magemu haya yalileta orodha ya marafiki ikiwa imeshatiwa alama, kitufe cha kutuma kikubwa, na cha kuruka kidogo pembeni. Mchezaji anadhani amegusa "endelea", kumbe ameshawabishia hodi watu hamsini.

Kabla yake ilikuwepo FarmVille, gemu la shamba, lililoanza Juni 2009. Mwezi huo huo ndipo Facebook ilipoanza kusomeka kwa Kiswahili. Shamba lile halikupanuka vizuri bila majirani, na majirani ni marafiki uliowaalika. Lilifungwa Facebook siku ya mwisho ya 2020, lakini somo lake lilikuwa limeshaenea kwa watengenezaji wote: mchezaji ndiye tangazo, tena tangazo lisilolipwa. Usidhani ni jambo dogo. Kampuni ya King, wenye Candy Crush, ilinunuliwa mwaka 2016 kwa dola bilioni 5.9. Sehemu ya thamani hiyo ilijengwa kwa majina ya kina shangazi duniani kote.

Wala si sisi peke yetu tuliochoshwa. Oktoba 2015 Mark Zuckerberg, mkuu wa Facebook, alikwenda Delhi kuzungumza na wanafunzi wa chuo cha teknolojia cha IIT. Watu walikuwa wametuma maswali yao mapema na kuyapigia kura, na swali lililoungwa mkono kuliko yote lilikuwa: nifanyeje ili nisipate tena mialiko ya Candy Crush? Alijibu kwamba amewaagiza wahandisi wake walishughulikie. Nyenzo za kujikinga zipo, basi. Shida ni kwamba zimewekwa mbali na mkono, na hakuna anayekuja kukuonyesha.

Tuzitafute. Nitataja majina kwa Kiswahili. Simu yako ikiwa ya Kiingereza, ama ibadilishe lugha kwa muda, ama fuata maana, kwa sababu menyu hizi huhamishwa kila baada ya miezi michache na maneno hubadilika kidogo. Ingia Facebook, fungua mistari mitatu ya pembeni, kisha Mipangilio na Faragha, kisha Mipangilio. Shuka mpaka uone Programu na Tovuti. Ndani yake kuna mahali pa arifa za michezo na programu. Zizime. Kwa mtu asiyecheza gemu lolote Facebook, hatua hii moja ndiyo ninayoipendekeza kabla ya nyingine zote, kwa kuwa haimgusi rafiki yeyote na inanyamazisha kelele nyingi kwa mara moja.

Karibu na hapo utaona pia uwezo wa kuzima kabisa programu, tovuti na michezo yote. Hapo nenda pole. Ukiuzima, tovuti nyingine unazoingia kwa kutumia akaunti yako ya Facebook zitakufungia mlango. Mwenye nyumba ya wageni Casuarina anayeingia kwenye mtandao wa kupangisha vyumba kwa akaunti hiyo hiyo anaweza kuamka asubuhi asiweze kuona nani ameomba chumba. Kwanza hakikisha una nywila ya kila tovuti unayoihitaji, ndipo uzime.

Mahali pa pili ni Kuzuia, humo humo kwenye Mipangilio. Watu wengi wanajua sehemu moja tu ya ukurasa huo, ile ya kuzuia watumiaji, na hiyo ndiyo iliyomgharimu kijana wetu wa Watamu. Chini yake kuna sehemu nyingine, na mbili ndizo tunazozihitaji. Moja inazuia mialiko ya programu kutoka kwa mtu fulani: unaandika jina lake, na tangu hapo kila ombi la gemu linalokuja kwa jina lake linapuuzwa lenyewe. Hapelekewi taarifa yoyote. Mnabaki marafiki, ujumbe wake unakufikia, picha za wajukuu zake unaziona. Ya pili inazuia programu yenyewe: unaandika jina la gemu, nalo haliwezi tena kukufikia hata likipitia kwa watu mia. Kijana wa mashua alihitaji hii ya pili. Magemu yaliyokuwa yakimsumbua, tulipoyahesabu, yalikuwa manne tu, yakijificha nyuma ya makumi ya majina.

Wanaotumia Facebook Lite, na kwetu ni wengi kwa ajili ya kubana bando, huenda wasizikute sehemu hizi zote ndani ya programu. Fungua Facebook kwa kivinjari cha simu, au nenda saiba mara moja uimalize kazi hii kwenye kompyuta; haikuchukui robo saa. Ukimaliza, toka kwenye akaunti yako kabla hujainuka kitini, na kama ile mashine itakuuliza ikuhifadhie nywila, kataa.

Sasa geuza kioo. Huenda unayewasumbua wengine ni wewe.

Mama mmoja wa Kisumu Ndogo, Malindi, alimwachia mtoto wake simu wakati yeye anakaanga mahamri ya asubuhi. Mtoto alipakua gemu la ludo. Gemu likaomba ruhusa ya kuona orodha ya namba, mtoto akabonyeza ndiyo, kama watoto wanavyobonyeza ndiyo kwa kila kitu kinachosimama kati yao na mchezo. Jioni mama akapigiwa na mkwewe, mzee wa heshima zake, akiuliza kwa upole kabisa ni jambo gani hilo alilomtumia. Mama alitamani ardhi immeze. Kamwe hakuwa amemwandikia mkwewe bila salamu, na hapo alikuwa amemtumia linki tupu.

Gemu la ludo halihitaji namba ya mkweo ili kete zizunguke. Ingia kwenye mipangilio ya simu, penye Programu, chagua gemu, kisha Ruhusa, uone limepewa nini. Orodha ya namba, ujumbe mfupi, kipaza sauti, mahali ulipo: ondoa vyote. Likikataa kucheza bila hivyo, lifute. Na Facebook, kwenye ile ile Programu na Tovuti, utakuta orodha ya kila gemu na kila jaribio la "ungekuwa mnyama gani" ulilowahi kuliruhusu. Usishangae kukuta vitu vya miaka mingi nyuma. Viondoe kimoja kimoja. Kazi hii inachosha kidogo, lakini majina ya jamaa zako yamewekwa kwako amana. Hawakukupa ili uyagawe.

Kwa watu wa Malindi na Kilifi wengi siku hizi, hata hivyo, usumbufu mkubwa umehama Facebook. Uko WhatsApp na Telegram, na huko hucheki nao, kwa sababu mialiko mingi ya huko ina pesa ndani yake.

Unaamka unajikuta ndani ya grupu la watu mia mbili usiowajua, lina picha ya ndege nyekundu. Ni Aviator, mchezo wa kamari. Ndege inapanda, namba inapanda nayo, na mchezaji anatakiwa kuchomoa pesa yake kabla haijapotea angani. Admin anatuma picha za jumbe za M-Pesa kuonyesha watu walivyokula, kisha anauza kitu anachokiita prediktor, eti kinajua ndege itaruka lini. Hakuna kitu kama hicho. Matokeo ya kila duru yanatolewa kwa bahati nasibu na mtambo, na mtu wa nje hawezi kuyaona kabla. Kama angeyaona, angekaa kimya acheze mwenyewe. Asingekuuzia wewe kwa shilingi mia tano. Aliyekuingiza naye mara nyingi ana nambari yake ya kualikia, na kila anayejisajili kupitia kwake humpatia fungu. Kwa hiyo hapa mambo yanabadilika: kwenye peremende shangazi hakujua, lakini kwenye kamari kuna anayejua anachokifanya. Huyo unaweza kumzuia yeye mwenyewe, wala usione haya.

Dawa ya WhatsApp ni fupi. Mipangilio, Faragha, halafu Makundi. Badala ya "kila mtu", chagua watu walio kwenye orodha yako tu. Uwezo huu uliletwa mwaka 2019, na bado nakutana na watu ambao hawajaugusa. Kuna chaguo la tatu, la kuruhusu watu wako isipokuwa fulani na fulani, na ndilo zuri kwa binamu yule anayemwingiza kila mtu kwenye kila kitu. Ukishaweka hivyo, asiyeruhusiwa hawezi kukutumbukiza; inambidi akutumie mwaliko pembeni, nao hufa baada ya siku tatu usipouitikia. Yaani angalau WhatsApp imejifunza kupiga hodi.

Kama umeshaingizwa, toka. Wengi wanaogopa kutoka kwa sababu ya lile tangazo la "fulani ameondoka", lakini tangu 2022 wanaoarifiwa papo hapo ni maadmin tu. Ikiwa ni grupu la kamari au la utapeli, liripoti kabla hujatoka. WhatsApp hupokea jumbe tano za mwisho ili izichunguze. Lakini grupu la chama chenu, la matanga au la wazazi wa madrasa, ambamo mtu mmoja ndiye anayemwaga linki za magemu, usilikimbie. Zungumza na admin awaruhusu maadmin peke yao kutuma kwa siku chache, au umkumbushe mwenye kumwaga faraghani. Kumkanya mtu mzima mbele ya wanachama sitini ni kosa kubwa kuliko linki yake.

Telegram ina mpangilio kama huo chini ya Faragha na Usalama. Huko ndiko vijana wa vyuoni Kilifi na Mombasa walikokesha mwaka 2024 wakimbonyeza panya wa mchezo wa Hamster Kombat. Kila rafiki uliyemleta aliongeza hesabu yako, na hesabu iliahidiwa kugeuka sarafu za kidijitali. Sarafu zilipogawiwa Septemba mwaka huo, wengi walipata kiasi kisichotosha gharama ya bando walilotumia. Sisemi haya kuwasimanga. Walikuwa wanatafuta riziki mahali ambapo riziki ni ngumu. Nawaomba tu mwaliko wa namna hiyo ukija tena, na utakuja na mnyama mwingine, mhesabu kwanza bando, saa za usingizi, na idadi ya watu mtakaowabishia hodi kwa ajili yake.

Sheria iko upande wako kwa kiasi fulani. Kenya ina Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, na ofisi ya Kamishna wa Data inayopokea malalamiko ya mwananchi wa kawaida, tena kwa mtandao. Lalamiko linatakiwa kuchunguzwa na kumalizwa ndani ya siku 90. Septemba 2023 ofisi hiyo iliitoza faini ya karibu shilingi milioni tatu kampuni moja ya kukopesha kwa simu, Mulla Pride, kwa kutumia majina na namba za watu zilizopatikana kwa wengine na kuwasumbua. Hilo si gemu, lakini mbinu ni ndugu: programu inakomba orodha ya namba za mtu mmoja ili iwafikie waliokuwa hawahusiki. Ujerumani nako, Januari 2016, mahakama kuu ya shirikisho iliamua kwamba barua pepe za mwaliko ambazo Facebook iliwatumia watu wasio wanachama, kwa kutumia anwani zilizochukuliwa kwa marafiki zao, zilikuwa matangazo ya usumbufu na kinyume cha sheria. Yaani majaji waliona nilichokuwa nikikisema: aliyebisha hodi ni kampuni.

Kuhusu kamari, umri ni miaka 18, na sheria mpya ya 2025 imechukua nafasi ya ile ya 1966. Aprili mwaka huo huo matangazo ya kamari yalisimamishwa kwa siku 30 nchi nzima. Lakini linki anayokutumia jirani haipitii redioni, kwa hiyo mlinzi wa mlango wa mtoto wako ni wewe. Na ukipata ujumbe wa kutaka utume pesa ili "ufungue zawadi" ya gemu, kama uko Safaricom, upeleke kwenye 333. Ni bure.

Limebaki la maneno. Mipangilio ikishakaa sawa huna haja ya kumwambia mtu chochote, lakini kuna watu ambao ukiwanyamazia moyo unakataa. Basi waandikie, na uwaandikie kama mnavyozungumza. Anza na salamu kamili, uulize hali ya nyumbani, ndipo useme: "Shangazi, kuna gemu linatuma mialiko kwa jina lako. Najua si wewe. Nimelizima kwangu, lakini wewe nimekuacha pale pale. Ukitaka tuzungumze, nipigie." Usiandike "acha kunitumia". Hajakutumia.

Mimi niliandika maneno karibu na hayo kwa shangazi yangu aliyeko Takaungu, mcheza peremende hodari kuliko wote ninaowajua. Alinyamaza siku nzima, nikaanza kuhofu nimemkosea. Usiku akanipigia. "Kumbe yanakufikia?" akauliza. "Na yule imamu je? Na mwalimu mkuu?" Ijumaa iliyofuata nilipanda matatu hadi njia panda ya Takaungu, bodaboda ikanimalizia. Tukakaa ukumbini na simu yake tukiondoa ruhusa moja moja, yeye akitaja kwa sauti jina la kila mtu aliyekuwa amealikwa, na kila baada ya majina mawili matatu akishika kichwa. Gemu lenyewe hakutaka nilifute. Tukaliacha, bila orodha ya namba na bila marafiki. Roho zake tano zikiisha, sasa husubiri hizo saa mbili na nusu kama watu wengine, na ananiambia ndipo anapopata kuanika nguo.